Samaki Aliyepewa Jina la Baba Mkwe

Tunduma,
6 Machi 2023

Wifi yangu Tupokigwe,

Salamu nyingi kutoka huku kwenye vumbi na honi za malori. Enoka hajambo, ameota meno mawili ya juu na anayafanyia majaribio kwangu mimi mama yake. Kaka yako Lusubilo naye hajambo. Yuko mpakani na makaratasi ya wenye malori, simu moja sikio hili, nyingine sikio lile, na jioni nikimwita kula ananiitikia kwa heshima "mukwai" kama vile mimi ni tajiri wa Kibemba aliyekuja kutoa mzigo.

Najua utauliza kwa nini nisipige simu. Kwenu huko mpaka upande kilima cha shule ndipo mtandao ushike, na juu ya kilima kuna watu wamekaa kazi yao kusikiliza simu za wenzao. Habari hii nataka uipate peke yako, ukiwa umekaa kwenye kigoda.

Unakumbuka nilipoanza shahada ya pili, nikaja huko Ikinga na Daktari Twaibu, mwalimu wangu wa chuo? Tuliingia mtoni na nyavu, wewe ukasimama darajani kutucheka kwamba watu wazima na digrii zao wanahangaika na visamaki ambavyo hata paka anavisusa. Basi, wifi, vile visamaki vya mawe havijawahi kuandikwa popote duniani. Tumewapima, tumehesabu magamba yao na miiba ya mapezi, tumewalinganisha na wenzao wote. Ni wa jamaa moja inayoitwa Orthochromis. Perege na sato ni binamu zao, lakini hawa hawataki ziwa wala bwawa. Wanataka mto, tena pale maji yanapokimbia na kupiga kelele. Hawaelei kama samaki wengine. Hujibana chini kwenye mawe kwa mapezi yao, wakitaka kuhama wanarukaruka jiwe hadi jiwe. Jike huweka mayai mdomoni na kuwalea watoto humo humo. Ndugu zao wako Kigoma na kaskazini mwa Zambia, na wengi wamepewa majina ya mahali: kuna wa Malagarasi, wa Uvinza, wa Kasulu, wa Rugufu.

Wetu hakuwa na jina. Daktari akaniambia, "Tabita, wewe ndiye uliyemshika wa kwanza. Chagua." Nikachagua jina la Baba.

Usishtuke, silitaji hapa. Mimi ni Mnyiha wa Nanyala lakini nyie Wandali mmenifunza vizuri. Tangu niolewe sijamtazama Baba usoni, nikisikia kikohozi chake napitia nyuma ya migomba, na jina lake halijawahi kupita mdomoni mwangu. Hata kwa Daktari sikulitamka. Niliandika kwenye karatasi nikamsogezea, akalisoma mwenyewe. Nilijiona mjanja kweli.

Na ni haki yake, wifi. Mito yote ya jirani watu wamemwaga utupa, ile sumu ya majani, samaki wakalewa, wakubwa kwa wadogo, wakaokotwa kwa beseni mpaka maji yakabaki matupu. Kipande chenu tu ndicho Baba alichokikatalia, akaitwa mchoyo na mchawi. Bila yeye tusingemkuta samaki huyu. Ruhusa nayo imeombwa. Lusubilo alipokuja Krismasi nilimtuma amwulize Baba, akarudi akaniambia amekubali, tena amefurahi.

Sasa sikia siri. Pamoja na barua hii nimempa konda wa Kosta ya Itumba bango. Fundi wa hapa sokoni amelipaka bluu, amechora samaki, na jina lipo kwa herufi nyeupe za kuonekana mbali. Kaka yako Rabson alisimamishe darajani Jumapili watu wakiwa kanisani, wakitoka walikute. Makala yenyewe itatoka mwezi ujao katika jarida la wataalamu wa samaki. Mpe Mama shikamoo yangu. Baba usimwambie kitu, acha ashangae.

Wifi yako,
Tabita, Mama Enoka


Ikinga,
14 Machi 2023

Wifi yangu Tabita,

Salamu. Sisi ni wazima wa mwili.

Barua yako nimeipata jana tu. Konda alimkabidhi Rabson bango siku ile ile, barua akaendelea kuzunguka nayo. Rabson akaona samaki, akaona jina la baba yake, akasikia kwa konda kwamba ni mzigo kutoka kwako. Akajua ni jambo lililozungumzwa na wakubwa. Jumapili asubuhi akalichimbia darajani, akashindilia mawe.

Tulipotoka kanisani kwaya ilikuwa mbele, na Recho, mke wa Rabson, ndiye aliyeongoza. Akafika darajani anaimba. Akainua macho. Wifi, alivuta kitenge akafunika uso, akageuka, akaingia porini na mtoto mgongoni. Wakamwana wengine wa ukoo wakafuata, sare zao za kwaya zikashika tope mpaka magotini. Wanaume wakabaki wameduwaa, watoto wakabaki wanasoma kwa sauti: "SA-MA-KI A-MO-NI."

Mimi jina naliandika kwa sababu ni baba yangu. Wewe ukilifikia ruka.

Ulifunzwa kukwepa uso wa mkwe na kufunga mdomo. Hukufunzwa, na hapo kosa ni letu, kwamba jina ni yeye mwenyewe. Recho kanisani hasemi "amani", anasema "utulivu", kwa kuwa neno lile limekaa karibu mno na la mzee. Sasa bango lile ni sawa na Baba amesimama darajani mchana na usiku. Mkamwana gani atapita mbele yake? Wanazunguka bondeni kwenye kivuko cha chini, na mvua hizi unazijua. Nimemwambia Rabson aling'oe. Anasema kung'oa jina la baba yake na kulitupa chini ni kumtoa mzee duniani, labda mwenyewe aamuru. Na hakuna anayethubutu kumwuliza.

Watoto ndio wamenimaliza. Wanaingia mtoni na vyandarua wakipiga kelele: "Nimemshika Amoni! Amoni huyu ana mimba!" Jana mmoja alikuwa anamkaanga Amoni kwenye kopo la rangi. Mama alipita, akasikia, akakaa chini hapo hapo njiani. Nikamkuta ameshika kichwa.

Baba hatoki nje tangu Jumapili. Chakula anapelekewa ndani. Amegeuza kiti, ameupa mlango mgongo. Sisi tunatembea uani kwa vidole.

Sasa jambo ambalo nimelizunguka tangu mwanzo wa barua. Unasema Lusubilo aliomba ruhusa. Krismasi alikaa na Baba hapa uani, mimi nilikuwepo namenya viazi mwanzo mpaka mwisho. Waliongea mvua. Waliongea kwato za ng'ombe mweusi. Akaaga akaondoka. Neno samaki halikutajwa, wifi.

Wazee wameitisha kikao Jumamosi ya tarehe ishirini na tano. Wamemtumia ujumbe baba yako Nanyala aje na ng'ombe wa kuomba radhi. Nisamehe kwa kukuandikia haya.

Tupokigwe


Tunduma,
17 Machi 2023

Wifi,

Barua yako niliisomea chooni, kwa sababu ndiko pekee ambako Enoka hanifuati. Nikatoka, nikanawa uso, nikaona nimesahau kumwaga maji, nikarudi. Hivyo ndivyo nilivyo tangu juzi.

Naona aibu. Nikimfikiria Recho na tope lile nataka kujifukia. Mwanamke yule ndiye aliyenionyesha njia ya nyuma ya migomba siku ya kwanza nilipofika kwenu bibi harusi, akanishika mkono, akaniambia, "Kikohozi chake kina sauti mbili, ya kwanza ndiyo ya kukimbia." Mimi nimemlipa kwa kumsimamishia mkwe darajani. Na nilidhani ni heshima! Nilimsimamia fundi mwenyewe. Nilimwambia akuze herufi.

Lusubilo nimembana. Alikana kidogo, kisha akakaa kitandani na viatu vyake. Anasema alikwenda na neno likiwa mdomoni tayari. Akamtazama Baba, likamkwama. "Ningeanzaje, Tabita? Baba, mke wangu anataka kukuweka kwenye samaki? Angeniona nimekuja kutumwa na mwanamke." Basi akaongea kwato za ng'ombe. Akarudi hapa akanikuta nimekaa namsubiri kwa hamu, akaona rahisi kusema amekubali. Anasema alitegemea mzee atafurahi akishaona. Nimemtupia mto. Ningekuwa karibu na sufuria ningetupa sufuria.

Lakini nisikilize. Jambo hili usiliseme kwa mtu. Mimi ni wa kuja, na wa kuja husemwa kwamba hakujua. Yeye ni mtoto wa kuzaliwa, amemwekea baba yake mdomoni neno ambalo hakulisema. Wazee wakilijua hilo hawatamwita tena kwenye jambo lolote la ukoo, na Enoka atakulia kwenye hiyo aibu. Acha iwe yangu. Nimeshaivaa.

Ninachoomba ni kimoja. Makala haijatoka. Daktari anasema jina linaweza kubadilishwa mpaka mwanzoni mwa Aprili. Likishachapwa, ndiyo milele. Taratibu za majina ya viumbe haziruhusu kufuta jina kwa sababu mtu ameona haya. Ingia ndani kwa Baba, wewe ni binti yake. Mwulize lifutwe au libaki. Nitafanya atakavyo. Siwezi kukosea mara mbili.

Tabita


Ikinga,
27 Machi 2023

Wifi yangu,

Kikao kimekwisha. Nitakuandikia kama kilivyokuwa, maana ukisikia kwa wengine watakutilia chumvi.

Baba yako alifika na Kosta ya kwanza. Ng'ombe alitangulia juzi yake, ni yule mwekundu uliyesema alikuwa wa harusi ya mdogo wako. Wazee walikaa barazani kwa baba mkubwa. Baba yetu alikaa ndani, mlango wazi, tukaona magoti yake tu. Baba yako alisimama, akavua kofia. Walikuwepo na vijana wadogo pale, waliokuja kuchungulia. Akasema, "Mwanangu nilimsomesha, naona sikumfunza. Naomba radhi kwa niaba yake na mama yake." Sauti ilimkatika hapo kwenye mama yake. Wazee wakamsema. Walimsema sana, wifi, mpaka mimi niliyekuwa jikoni nikaacha moto ukazimika.

Lusubilo alikuwa amekaa pembeni akitazama viatu vyake. Nilimkazia macho. Hakuinua kichwa. Nimetimiza ulichoniomba, sikusema kitu, na sijui kama nitajisamehe.

Recho ameteleza kwenye kivuko cha chini na ndoo kichwani. Mkono wa kushoto umevunjika kifundoni. Zahanati wameufunga, anasema hauumi, na usiku Rabson anasikia anavyougulia. Usijilaumu peke yako. Nami nilipita darajani kila siku na ndoo yangu, nikamwacha azunguke.

Nimeingia kwa Baba kama ulivyosema. Nikapiga magoti nikamwuliza, "Baba, lile jina kwenye samaki lifutwe?" Alinitazama, akatazama ukutani. Kisha akasema, "Mwulizeni mwenye samaki." Nikamsubiri, akaanza kutafuta ugoro wake ambao ulikuwa mkononi.

Mama anasema hiyo ni hasira, kwamba amekataa hata kulitaja jambo lenyewe. Nami nimeona hivyo hivyo. Watoto nao Mama amewakusanya kanisani, mmoja mmoja ameapishwa asimwite samaki yule kwa jina lile tena. Hawalisemi sasa. Wakivua wanavua kimya.

Fanya haraka, wifi. Mimi kesho kutwa naenda Itumba kwenye semina ya walimu, nitarudi baada ya Pasaka. Barua yako niachie kwa Mama.

Tupokigwe


Tunduma,
1 Aprili 2023

Wifi yangu,

Nimelitoa.

Leo asubuhi nimempigia Daktari Twaibu. Akaniuliza kama nina hakika, akaniuliza tena. Akasema lile lilikuwa jina zuri kuliko yote aliyowahi kuandika. Nikamwambia ni zuri mno, ndiyo shida yake. Sasa samaki ni wa Ikinga, kama ndugu zake walivyo wa Uvinza na wa Kasulu. Makala inatoka Jumatano. Baada ya hapo hata rais hawezi kuligusa.

Nilikaa kwenye kompyuta nikalifuta kila lilipokuwa limeandikwa. Palikuwa pengi. Kila nikilifuta nahisi namtoa mzee wa watu kwenye kiti. Nikafika kwenye picha ya samaki, chini yake lipo, nikaenda kwanza kumwogesha mtoto ndipo nikarudi kulimaliza.

Rabson alitoe bango, mwambie ni amri yangu. Kama kuna laana ya kung'oa jina la mzee, ije huku Tunduma. Recho apite darajani na mkono wake. Nitamletea dawa ya maumivu na kitenge, ingawa najua kitenge hakifungi mfupa.

Baba yangu amenipigia simu. Hakunigombeza. Aliuliza Enoka anakula nini siku hizi, akaniambia kahawa imechanua vizuri, akaaga. Bora angenitukana.

Lusubilo analala sebuleni. Jana aliniambia atakwenda Ikinga kusema ukweli. Nikamwambia sasa ni wa nini, ng'ombe ameshafungwa kwenye zizi la watu. Sikupenda nilivyomjibu, lakini ndivyo nilivyomjibu.

Tabita


Ikinga,
4 Aprili 2023

Kwa Mama Enoka,

Nakusalimu kwa heshima, pamoja na mjukuu wangu. Huku tuko salama, mvua haijatunyima, mahindi yamebeba. Ukiuona mwandiko huu usiogope. Sijapata kukuandikia, na sijui kama inafaa. Nimekaa nikafikiri, nikaona kuwa katika karatasi hatuonani uso. Tupokigwe yuko Itumba. Hata angekuwepo nisingemtuma, maana ninayotaka kusema ni aibu mbele ya mtoto.

Wanasema nimekasirika. Sikukasirika, mama.

Jumapili ile nilisikia kelele za watoto wakilitaja jina langu. Kesho yake alfajiri, kabla ng'ombe hawajafunguliwa, nikaenda darajani peke yangu nikalisoma. Nikaondoka, nikarudi nikalisoma tena. Siku ya pili nikaenda vilevile. Mimi shule niliishia darasa la nne. Jina langu nimeliona kwenye cheti cha ubatizo na kwenye kadi ya chama, na mara ya tatu nililitegemea kwenye msalaba wa kaburi, ambapo nisingekuwa na macho ya kulisoma. Nilifurahi. Nilifurahi mpaka nikauogopa uso wangu. Wakamwana wangu wanashika tope kwa ajili ya jina langu, nami nacheka peke yangu kama mtoto aliyenunuliwa viatu. Ningetoka vipi nje wanione hivyo? Ndiyo maana nikaupa mlango mgongo.

Siku ya kikao nilimsikia baba yako. Jambo kama hilo mkamwana humtuma mumewe, na nilijua Lusubilo hakuniuliza. Nilijua na sababu, maana mimi ndiye niliyemlea aogope kusema nami. Ningetoka nikasema neno moja, mzee mwenzangu angevaa kofia yake. Sikutoka. Niliona nikisema watajua kwamba jina nalitaka, na mtu mzima ataonekanaje akitaka kitu cha namna hiyo? Nikamwacha asimame. Nikakubali ng'ombe wake aingie zizini mwangu. Recho akavunjika mkono. Tupokigwe alipokuja kuniuliza lifutwe, nikamjibu mwulizeni mwenye samaki. Nilitumaini utakataa kulifuta, ili nilipate bila kuliomba. Hayo ndiyo niliyofanya, na naona haya kukuandikia, lakini ningeona haya zaidi kutokuandikia.

Sasa nimefanya hivi. Ng'ombe amerudi Nanyala leo, Rabson amempeleka, na amebeba neno langu la kumwomba baba yako radhi. Bango nimelichimbua kwa mikono yangu, nimelisimamisha ndani ya migomba yangu, upande ambao wakamwana hawapiti. Daraja liko wazi. Leo Recho amepita, nimemwona mgongo akienda.

Nakuomba jambo. Jina lisifutwe. Huko kwenye vitabu vya wataalamu hakuna mkamwana wangu wa kulikimbia, acha likae huko. Kama Daktari amekwisha ambiwa alifute, mwambie mwenye jina amekataza.

Njoo Jumatatu ya Pasaka. Wewe simama ng'ambo ya mto, kwenye matete, mimi nitakuwa huku kwenye migomba. Tutapeana mgongo, unieleze huyu samaki kwa sauti. Nimemzuilia utupa miaka hii yote bila kumjua, nilizuia kwa sababu sikupenda kuona watoto wake wakielea. Nasikia jike huwabeba wanawe mdomoni. Siku hizo anakula nini?

Jina langu nimeliandika hapa chini. Ukitaka kulifunika, funika kwa kidole.

Amoni


Tunduma,
7 Aprili 2023

Baba,

Shikamoo. Barua yako nimeipokea jana kwa konda. Nilifunika pale chini kwa kidole kama ulivyosema, nikaisoma nikiwa nimesimama mlangoni, na nilipomaliza sikuweza kuingia ndani wala kutoka. Lusubilo akaja akanikuta hivyo. Nimempa naye akaisoma.

Baba, jina lako halipo. Nililitoa Jumamosi, na makala imechapwa Jumatano, siku moja kabla barua yako haijanifikia. Nilimpigia Daktari hata hivyo. Nilimsihi. Akanieleza tena kile nilichokuwa nakijua, kwamba likishachapwa hakuna wa kulibadili, si yeye, si mimi, si mwenye jina. Samaki wako ameandikwa kwa jina la Ikinga.

Sijui nijitetee vipi na sitaki kujitetea. Nilipoliandika nilidhani nakuheshimu. Nilipolifuta nikadhani nakuheshimu. Mara ya kwanza nilimtuma mwanao, mara ya pili nilimtuma binti yako, na mara zote mbili nilichukua jibu lililonifikia nikakimbia nalo. Umeandika kwamba wewe unaona haya. Usione, Baba. Kufurahia jina lako mwenyewe si kosa. Mimi ndiye niliyekupa, mimi ndiye niliyekunyang'anya, na ulikuwa umelifurahia. Ningejua kwamba unakwenda darajani alfajiri ningeacha wakamwana wote wa wilaya ya Ileje wanitukane, nami nisingeligusa.

Baba yangu amenipigia simu. Ng'ombe amefika. Ameniambia mzee wenu ni muungwana, akakohoa, akaulizia tena Enoka anakula nini. Nimefurahi Recho amepita darajani.

Kuna barua yangu iko kwa Mama, inamsubiri Tupokigwe. Ndani yake nimeagiza bango ling'olewe. Waambie waichane. Bango likae hapo hapo kwenye migomba, watu wa chuo hawafiki huko kulisahihisha.

Umeuliza jike anakula nini akiwa na watoto mdomoni. Hali kitu, Baba. Anakonda mpaka kichwa kinaonekana kikubwa kuliko mwili, na chakula kinapita mbele yake kwenye maji. Watoto wakipata nguvu za kushika mawe wenyewe ndipo anawaachia.

Jumatatu nitakuja na Enoka. Lusubilo anakuja pia, anasema safari hii ataanza kusema kabla hajakaa. Nitasimama kwenye matete nikupe mgongo, nikueleze yote: meno yao, mapezi yao, dume anavyogombea jiwe lake, ndugu zao wa Kigoma. Uniulize chochote nitakujibu kwa sauti, hata maji yakipiga kelele. Ila usiniulize anaitwa nani. Hilo sitaweza kulisema, hata nikiwa nimekupa mgongo.

Mkamwana wako,
Tabita